Mabao 282 ya Pietie Coetzee: je, alikuwa akiwaonea wanyonge?

Swali: Hujambo kocha. Mimi ni mshambuliaji wa timu ya magongo ya shule yetu hapa magharibi mwa Kenya, niko kidato cha tatu. Mwalimu wetu wa michezo alituambia kwamba mwanamke aliyefunga mabao mengi kuliko wote duniani katika mechi za kimataifa anatoka Afrika Kusini. Wavulana wakacheka. Wakasema hayo mabao alikuwa akiwafunga Wakenya na Waghana tu, ndiyo maana Afrika Kusini haijawahi kupata medali ya magongo kwenye Olimpiki. Ni nani huyo mchezaji, alifungaje mabao yote hayo, na je, wanachosema wavulana ni kweli?

Jibu: Sijambo, binti yangu. Mwalimu wako amesema kweli. Wavulana nao wameshika kipande kidogo cha ukweli wakakivuta mpaka kikakatika. Nitakueleza pande zote mbili, maana ukimjibu mtu kwa nusu ya habari, atakurudia na ile nusu uliyoiacha.

Mchezaji huyo anaitwa Pietie Coetzee. Hilo la kwanza tamka "Piti", na la ukoo Makaburu wenyewe hulitamka karibu na "Kutsia", kwa hiyo ukisikia mtangazaji anasema hivyo usidhani ni mtu mwingine. Jina lake halisi ni Pieta. Alizaliwa tarehe 2 Septemba 1978 mjini Bloemfontein, jimbo la Free State, katikati ya nchi, mbali na bahari na mbali na makelele ya Johannesburg. Ndiko alikotoka pia Zola Budd, yule mkimbiaji aliyekuwa akikimbia peku.

Coetzee aliichezea Afrika Kusini mechi 287 akafunga mabao 282. Soma tena hizo namba polepole. Ni kama bao 1 kwa kila mechi, na hiyo si ya msimu mmoja aliokuwa na bahati. Alianza akiwa kijana katika miaka ya 1990 na akaendelea hadi muongo wa 2010.

Ili uone uzito wake, mweke karibu na wengine. Natascha Keller wa Ujerumani, mshambuliaji wa kuogopwa aliyetoka kwenye familia ambayo magongo ni kama urithi, alifunga mabao 209 katika mechi 425. Maartje Paumen wa Uholanzi, bingwa wa Olimpiki Beijing na London, aliacha mabao 195 katika mechi 235. Wanaume wawili tu ndio nitakaowataja hapa: Sohail Abbas wa Pakistan mwenye mabao 348, na Mholanzi Paul Litjens aliyefunga 268 katika mechi 177. Litjens alikuwa na kasi kubwa kuliko Coetzee, lazima tukubali. Lakini kwa jumla ya mabao, binti wa Bloemfontein amempita.

Rekodi yenyewe aliivunja tarehe 21 Juni 2011 mjini Dublin, kwenye mashindano yaliyoitwa Champions Challenge. Kabla yake ilishikiliwa na Natalya Krasnikova wa iliyokuwa Muungano wa Kisovieti, mabao 220, na ilikuwa imekaa miaka 20 bila kuguswa. Siku hiyo Afrika Kusini ilicheza na Marekani, mechi ikaisha 5–5. Katika mabao 5 ya Afrika Kusini, Coetzee alifunga 4, na la tatu kati ya hayo manne ndilo lililokuwa la 221.

Hapo ndipo pa kuanza kuwajibu wavulana. Je, Marekani ile ilikuwa timu ya kuchezewa? Miezi minne baadaye, Oktoba 2011, timu hiyo hiyo ilikwenda Guadalajara kwenye Michezo ya Mataifa ya Amerika, ikaifunga Argentina 4–2 katika fainali na kujipatia tiketi ya Olimpiki. Argentina ile ilikuwa bingwa wa dunia wakati huo, ikiwa na Luciana Aymar. Kwa hiyo rekodi ilivunjwa mbele ya watu wanaojua kukaba.

Sasa ule upande wao. Ni kweli kwamba Afrika Kusini imelitawala bara hili katika magongo ya wanawake. Tangu mwaka 1994 kila Kombe la Afrika la wanawake limekwenda kwao, na Michezo ya Afrika ya 1995 Harare, 1999 Johannesburg na 2003 Abuja walishinda wao pia. Katika mashindano hayo kuna mechi zilizoisha kwa mabao ambayo mtu mwenye huruma angeacha kuhesabu. Mpigaji mkuu wa timu inayoshinda namna hiyo lazima aondoke na mafungu. Kwa hiyo akikuambia mtu kwamba sehemu ya zile 282 iliokotwa Afrika, usibishane naye.

Ila angalia kalenda. Kombe la Afrika la wanawake lilichezwa 1994, 1998, kisha 2005, 2009 na 2013. Kati ya 1998 na 2005 ni miaka saba mizima. Mashindano ya Afrika ni machache, na mechi zake ni chache. Mtu hachezi mechi 287 kwa kukutana na Ghana na Kenya. Nyingi ya mechi za Afrika Kusini huwa dhidi ya timu za Ulaya, Asia na Australia: kuna ziara, kuna mashindano ya mwaliko, na kuna ule utaratibu wa timu za Ulaya kukimbia baridi yao ya Januari na kushuka Cape Town au Stellenbosch kujinoa juani.

Kisha waulize wavulana kuhusu Kombe la Dunia la 2002, lililochezwa Perth, Australia. Timu zilikuwa 16. Afrika Kusini ilimaliza ya 13, aibu tupu kwa timu iliyokuwa ya 7 miaka minne nyuma. Na mfungaji bora wa mashindano yote alikuwa nani? Pietie Coetzee. Mle hamkuwa na timu nyingine yoyote ya Afrika ya kumfungulia lango.

Mimi jambo hilo la Perth ndilo linalonifanya nimheshimu kuliko ile rekodi. Mshambuliaji wa Uholanzi anapata nafasi kumi kwa mechi kwa sababu kiungo chake kinautawala uwanja. Mshambuliaji wa timu ya 13 anapata mbili, labda tatu, na katikati anakaa dakika ishirini hajaugusa mpira, moyo unapoa, miguu inapoa. Halafu ile nafasi ikija, wote wanamwangalia yeye. Ni haki pia kusema kwamba timu ya namna hiyo humpa mtu mmoja kila kitu: Uholanzi ina wapigaji watatu wanaogawana, Afrika Kusini ilikuwa na jina moja tu la kuita. Hilo liliongeza hesabu yake, lakini liliongeza na mzigo.

Umeuliza alifungaje. Alikuwa mshambuliaji wa kati, na mabao ya mchezo wa wazi alifunga mengi tu, lakini silaha yake kubwa ilikuwa kona fupi, ile ambayo vitabu vya sheria huiita kona ya adhabu. Hapa nitakawia kidogo, maana ukiielewa kona fupi umeuelewa mchezo wake wote, na nadhani itakufaa kuliko tarehe na namba.

Mpira wenyewe unaujua: uzito kati ya gramu 156 na 163, mgumu kama jiwe. Goli lina upana wa mita 3.66 na urefu wa mita 2.14. Duara la kufungia lina mita 14.63 kutoka mstari wa goli, na nje ya hapo bao halihesabiwi hata upige kombora. Beki akifanya kosa ndani ya duara, au akikosea kwa makusudi ndani ya mita 23 za kwake, refa anatoa kona fupi. Wanaokaba wanarudi nyuma ya mstari wao wa goli, watano tu, kipa akiwa mmoja wao. Wenzao wote wanafukuzwa hadi ng'ambo ya mstari wa kati. Upande wa kushambulia, mmoja anasimama kwenye mstari wa nyuma, mita 10 kutoka mwimo wa goli, na wengine wanasubiri nje ya duara.

Mpira unasukumwa kutoka kwenye mstari. Mmoja anausimamisha nje kidogo ya duara. Mmoja anapiga. Sekunde mbili hazifiki, na wakati huo mkimbiaji wa kwanza wa adui amekwisha kutoka golini anakuja moja kwa moja kwenye gongo lako, amevaa kinyago usoni, amekubali kupigwa. Coetzee alikuwa ndiye yule wa tatu, mpigaji.

Sheria ina mtego hapa ambao wachezaji wengi wa shule hawaujui. Pigo la kwanza, ukilipiga kwa kulizungusha gongo, mpira hauruhusiwi kuvuka mstari wa goli juu ya sentimita 46, yaani juu ya kile kibao cha nyuma ya goli kinachotoa mlio wa "paa!" tunaoupenda wote. Ukiusukuma au kuuburuta mpira bila kuugonga, unaweza kuupeleka juu popote, hata kwenye pembe ya mwamba. Ndipo ilipozaliwa ile wachezaji wanayoiita dragi fliki: unauokota mpira nyuma ya mguu wa nyuma, unauburuta na gongo likiwa chini, nyonga inatangulia, bega linafuata, kifundo cha mkono kinamalizia. Coetzee alipoanza, kwa wanawake kona nyingi zilikuwa bado za kugonga kwa nguvu chini. Alipomaliza, timu isiyokuwa na mtu wa kuburuta ilikuwa inaingia uwanjani ikiwa na mfuko mtupu. Amecheza katika vipindi vyote viwili na kufunga katika vyote viwili.

Kuna kingine kilichobadilika akiwa uwanjani, nacho wachambuzi hukisahau. Sheria ya kuotea iliondolewa kabisa mwaka 1998 baada ya majaribio ya miaka miwili. Kizazi chako hamjawahi hata kuiona, mnadhani ni ya kandanda peke yake. Kwa mshambuliaji wa miaka 20 ilikuwa kama kufunguliwa mlango wa nyuma: ghafla unaweza kusimama karibu na kipa kadiri upendavyo, na mabeki wanalazimika kukufuata kule chini. Nafasi za mpira kugusa mguu wa beki zikaongezeka. Mpira ukigusa mguu wa beki ndani ya duara ni nini? Kona fupi. Unaona jinsi kamba inavyojisokota.

Nimerudi kwenye maisha yake. Alizaliwa wakati nchi yake imefungiwa nje ya Olimpiki. Ubaguzi wa rangi uliitoa Afrika Kusini kuanzia michezo ya Tokyo 1964, na haikurudi hadi Barcelona 1992, yeye akiwa hajatimiza miaka 14. Ndani ya nchi, magongo yalichezwa kwa kutengana kama vilivyokuwa vitu vingine vyote: shule za Wazungu zilikuwa na viwanja, makocha na ligi, ilhali Wahindi wa Durban na Machotara wa Cape Town walikuwa na vyama vyao na viwanja walivyojitafutia. Coetzee alikulia upande uliokuwa na viwanja. Hilo nalisema wazi kwa sababu wewe unayechezea uwanja wa nyasi zilizojaa vishimo una haki ya kulijua. Alizaliwa mahali pazuri kwa mchezo huu, na lango la dunia likafunguka akiwa katika umri uleule wa kuanza kulipita. Wengine wenye vipaji waliozaliwa miaka mingi kabla yake, wa rangi yoyote, walicheza maisha yao yote bila kuvaa jezi ya taifa mbele ya mgeni.

Olimpiki yake ya kwanza ilikuwa Sydney 2000. Timu 10, Afrika Kusini ikawa ya 10. Athens 2004 wakawa wa 9, lakini humo wakafanya kioja ambacho Wajerumani hawakisahau: waliifunga Ujerumani 3–0 katika hatua ya makundi, na Ujerumani hiyo hiyo ndiyo iliyotwaa dhahabu mwishoni. Timu ya 9 imemfunga bingwa mabao matatu bila jibu. Magongo ndivyo yalivyo.

Beijing 2008 timu ilikwenda bila yeye. Mtu wa miaka 29 kwenda 30, mwenye mabao mengi kama yale, angeweza kusema basi, yanatosha, akabaki jina zuri la miaka iliyopita. Alirudi. Na angalia alifanya nini baada ya kurudi: Dublin 2011, ile rekodi, akiwa na miaka 32. Na kuanzia bao la 221 aliongeza mengine 61.

Lakini ukitaka mechi moja ya kuwasimulia wale wavulana, usiwapelekee Dublin. Wapelekee Delhi.

Kamati ya Olimpiki ya Afrika Kusini, SASCOC, kwa miaka mingi ilikuwa na msimamo mkali: kuwa bingwa wa Afrika hakutoshi. Walitaka timu ipite kwenye mchujo wa kimataifa ndipo ipewe ndege. Kwa hiyo tiketi ya London 2012 wanawake wa Afrika Kusini walikwenda kuitafuta New Delhi, Februari 2012, na fainali ikawakutanisha na wenyeji, India. Fikiria mwenyewe. Uwanja wa taifa uliopewa jina la Dhyan Chand, mtu ambaye kwa Wahindi ni nusu mungu wa magongo. Watu wamejaa. Wasichana wa India hawajaiona Olimpiki tangu Moscow 1980. Nafasi ni moja, anayeshindwa anarudi nyumbani kusubiri miaka minne.

Afrika Kusini ilishinda 3–1. Mabao yote matatu yalikuwa ya Pietie Coetzee.

Hakuna Mkenya wala Mghana aliyekuwa golini siku hiyo.

London wenyewe walimaliza wa 10 kati ya timu 12, chini ya nahodha Marsha Cox, dada wa Durban ambaye naye amecheza zaidi ya mechi 300. Waliifunga Marekani 7–0 katika mechi ya mwisho ya makundi, wakapoteza kwa Japan kwenye mechi ya kugombea nafasi ya 9. Coetzee alikuwa anakaribia miaka 34.

Sasa hiyo hoja ya medali. Mabao ya mtu mmoja hayaleti medali katika mchezo wa watu 11, na Coetzee ni ushahidi tosha. Afrika Kusini haijawahi kuwa na ligi ya kulipwa ya magongo ya kumtunza mchezaji mwaka mzima. Wengi wana kazi zao au wako chuoni, na anayetaka kukua huondoka kwenda vilabu vya Uholanzi, Ujerumani au Ubelgiji. Wapinzani wao wanakaa kambini pamoja karibu mwaka mzima. Wao hukutana wiki chache kabla ya mashindano. Phumelela Mbande, kipa aliyebeba bendera ya taifa pamoja na muogeleaji Chad le Clos kwenye ufunguzi wa Olimpiki ya Tokyo 2020, ni mhasibu mwenye shahada na leseni yake. Kipa wa taifa, mchana hesabu, jioni mazoezi.

Na ule msimamo wa SASCOC uliwaumiza vibaya zaidi baada ya Coetzee. Msimamo kama huo ulikuwepo hata kabla ya SASCOC kuundwa: mwaka 2000 timu ya wanaume ilizuiwa kwenda Sydney ingawa ilikuwa bingwa wa Afrika. Kisha mwaka 2015 wanaume na wanawake wote wawili walishinda mchujo wa Afrika uliochezwa Randburg, wakaambiwa hawaendi Rio. Nafasi ya wanawake ikapewa Hispania, ya wanaume New Zealand. Mimi ni mtu wa bara hili na nakwambia wazi, uamuzi ule ulinichoma. Uliwaambia wachezaji wa Ghana, Kenya na Zimbabwe kwamba kuwafunga wao si kitu, na uliwanyima wasichana wa Afrika Kusini mashindano ambayo ndiyo pekee yanayomkomaza mchezaji. Mtu hawezi kufika kiwango cha dunia kwa kuzuiwa kukutana na dunia. Kuanzia Tokyo msimamo ulilegezwa, na wanaume wakaifunga Ujerumani 4–3 huko huko Tokyo.

Wavulana wakikuuliza kama kuna Mwafrika yeyote aliyewahi kuleta medali ya magongo, waambie wasome kuhusu Moscow 1980. Dhahabu ya wanawake, mara ya kwanza kabisa magongo ya wanawake kuchezwa Olimpiki, ilikwenda Zimbabwe, timu iliyokusanywa haraka haraka baada ya nchi nyingi kususia. Michezo ile ile jirani zetu wa Tanzania walipeleka wanaume, wakafungwa na India 18–0. Na Kenya yetu ilikuwa ya 4 katika Kombe la Dunia la kwanza la wanaume, Barcelona 1971. Kwa hiyo wasicheke sana, hawa wavulana. Babu zao walikuwa wakiheshimika katika mchezo huu kuliko wao.

Nikuache na kazi, kwa kuwa umesema wewe ni mshambuliaji. Wasichana wengi wakisikia habari za Coetzee hukimbilia kujifunza dragi fliki siku hiyo hiyo, kwenye uwanja wa nyasi, wakaharibu mgongo. Usianze na hapo. Kona ya Coetzee ilikuwa inategemea mikono miwili kabla ya wake: anayeutoa mpira kwenye mstari na anayeusimamisha. Kwenye uwanja wa shule, mpira unarukaruka, na anayesimamisha akiukosa, mpigaji hodari hana cha kupiga. Kwa hiyo mwambie mwalimu awatenge watu wawili, wasibadilishwe kila wiki kama mnavyofanya, watoe na kusimamisha mara 50 kila jioni bila mtu kupiga. Ukishaona mipira 40 kati ya hiyo 50 inalala tuli mahali pamoja, hapo ingia wewe.

Pima mita 14.63 kwa kamba, chora duara kwa majivu kama hamna chokaa. Funga kamba nyingine golini, kutoka mwimo hadi mwimo, sentimita 46 kutoka chini. Piga chini ya kamba hiyo, kulia kwa kipa na kushoto kwake, kwa mwezi mzima. Kuburuta tutazungumza ukipata nafasi ya kugusa uwanja wa nyasi bandia, City Park jijini Nairobi au kwingine, ambako mpira unateleza kama inavyotakiwa. Na kinyago kwa wanaokaba hata mazoezini. Kama shule haina, pigeni bila mkimbiaji.